Sura ya huyu, sauti ya yule: kwa anayeanza kufuatilia waigizaji wa Italia

Usianze na orodha ya filamu uliyoikuta mtandaoni. Anza na filamu yenyewe, nakala ya Kiitaliano, na uisimamishe pale majina yanapopita. Waitalia humwita caratterista mwigizaji ambaye sura yake inajulikana na kila mtu ilhali jina lake wachache wanalikumbuka. Katika sinema yao ya baada ya Vita vya Pili vya Dunia, mwigizaji wa namna hiyo mara nyingi ni watu wawili: mmoja wa sura, mwingine wa sauti.

Chukua I soliti ignoti ya Mario Monicelli (1958), kichekesho cha wezi wasiojua kuiba. Ferribotte, Msicilia mwenye wivu anayemfungia dada yake ndani, ameigizwa na Tiberio Murgia. Huyu alikuwa Msardinia wa Oristano, muosha vyombo katika mgahawa wa Roma. Lafudhi ya Kisicilia unayoisikia si yake. Capannelle, yule mzee mlafi anayeongea kama mtu wa Bologna, ni Carlo Pisacane, mzaliwa wa Napoli. Aliyempa sauti ni Nico Pepe. Iliwezekana kwa sababu sauti zilipachikwa studio baada ya picha kupigwa, hivyo mwongozaji alichagua uso mtaani na sauti akaitafuta kwingine. Ukimsifu Murgia kwa lafudhi yake, umejifunga goli. Na uso huo uliokopeshwa sauti ndio uliomwajiri: aliendelea kuigiza Wasicilia kwa miaka mingi.

Kwa hiyo jedwali lako la kuwafuatilia waigizaji liwe na safu sita: mwaka filamu ilipotoka Italia, jina lake la Kiitaliano, mhusika, jina la mwigizaji kama lilivyoandikwa kwenye filamu, mwenye sauti, na nakala uliyoitazama. Safu ya sauti ndiyo ngumu, maana wenye sauti mara nyingi hawakutajwa. Iache wazi kuliko kubahatisha. Jina la Kiitaliano nalo si pambo: filamu hii Ufaransa inaitwa Le Pigeon, na asiyejua huihesabu mara mbili.

Safu ya jina lililoandikwa itakuokoa ukifika kwenye filamu za mabunduki na farasi. Katika Per un pugno di dollari (1964), mwongozaji Sergio Leone alijiita Bob Robertson, na mwigizaji Mario Brega, Mroma halisi, akawa Richard Stuyvesant, ili filamu ionekane ya Kimarekani. Usimfungulie Stuyvesant ukurasa wake. Ni Brega yuleyule.

Majina yanayofanana yana kero yake. Ukimtafuta Carlo Pisacane kwa jina tupu, utaletewa mwanamapinduzi aliyefariki 1857. Ongeza neno Capannelle, mzee atatokea.