Kazi ichague kwa sehemu yake inayochosha

Namjibu kijana wa Kisauni, Mombasa, aliyemaliza kidato cha nne na C+. Kwa ambao hawakusoma swali lake: babake anataka aingie ofisi ya ami yake, wanaotoa mizigo bandarini. Mamake anamtakia uuguzi. Yeye mwenyewe hushinda kwenye kibanda cha rafiki yake akifungua simu zilizokufa. Anauliza mtu hujuaje kazi inayomfaa, na wengi wamemwambia afuate moyo wake, wengine afuate pesa.

Mwanangu, mimi nimo ndani ya kazi hiyo hiyo anayokutakia babako, uwakala wa forodha, na nimeona vijana wengi wakiingia ofisini kwetu na kutoka. Moyo wako huwezi kuufuata bado, kwa sababu haujaziona kazi zenyewe, umeona majina yake tu. Ukisikia wakala wa forodha unamwona ami yako na gari lake na simu mbili mezani. Ukisikia muuguzi unaona sare. Lakini mtu haishi na jina la kazi. Anaishi na saa zilizo kati ya chai ya asubuhi na magharibi: mikono inashika nini, macho yanatazama nini, ni nani anayekuja kukulalamikia. Kila kazi ina sehemu inayochosha, na mara nyingi ndiyo kubwa kuliko zote. Walionizunguka waliodumu ni wale ambao sehemu hiyo, inayowachosha wengine, wao haiwachoshi sana.

Kabla ya forodha nilikuwa mapokezi kwenye hoteli moja ya pwani ya kusini. Nilikuwa hodari. Wageni wakirudi mwaka wa pili waliniulizia kwa jina, na Kijerumani cha kuelekeza watu njia nilikishika upesi. Lakini jioni nikishavuka feri ya Likoni nilikuwa sina hata neno la kumwambia mamangu, nimemalizwa na tabasamu la siku nzima. Kilichonirudishia nguvu katika kazi ile kilikuwa kimoja, na wenzangu walikikimbia: kufunga hesabu za zamu usiku, kulinganisha vocha na daftari mpaka shilingi iliyopotea ionekane ilipo. Nilijitolea kuwafanyia wengine. Vurugu za baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 zilipofukuza watalii, hoteli zilipunguza watu, nami nikawa mmoja wao. Jirani akanitafutia ukarani kwenye ofisi ya kutoa mizigo, na huko nikakuta shilingi zilizopotea kila siku, kwenye meza yangu mwenyewe.

Kwa hiyo unapojipima, usiulize tu unaweza nini. Wako wengi wanaoweza mambo yanayowamaliza. Uliza ukishayafanya unabaki na nini.

Sasa nikueleze kazi ya ami yako ilivyo ndani, maana pengine hujaambiwa. Mzigo ukiingia bandari ya Kilindini, mwenye mali anatuletea hati ya shehena, ankara na orodha ya vilivyopakiwa. Kabla ya yote inabidi kila bidhaa ipewe nambari yake katika kitabu cha ushuru cha Afrika Mashariki. Nambari ina tarakimu nane. Sita za mwanzo zinafuata mpango unaotumika duniani, mbili za mwisho ni za Jumuiya yetu, na hiyo ndiyo inayoamua kama bidhaa italipa asilimia 0, 10, 25 au 35, ukiacha bidhaa chache zenye viwango vyake maalumu. Chukua shehena ya baiskeli zilizofunguliwa. Fremu ziko kando, magurudumu kando, minyororo na pedali kwenye maboksi yake. Mwenye mali anasema hivi ni vipuri, andikeni 8714, mwanzo wa nambari ya vipuri vya baiskeli. Lakini kanuni ya pili ya kukifasiri kitabu inasema kitu kamili kikiletwa kimefunguliwa, kinabaki kuwa kitu kile kile. Unakaa na orodha, unahesabu fremu ngapi, magurudumu mangapi, sukani ngapi, na vikitosheana kuunda baiskeli, basi ni baiskeli, 8712, hata kama hakuna skrubu iliyokazwa. Ukiandika vibaya, mzigo unakwama kwenye ukaguzi, gharama za kuhifadhi kontena zinapanda kila kukicha, na mwenye mali anakupigia simu kabla ya adhana ya alfajiri.

Mimi jambo hilo linanipendeza hadi leo. Nikipewa ankara ndefu ya vifaa vya umeme, naweza kupekua vifungu hadi chai ikapoa mezani. Mwenzangu niliyeanza naye ukarani alikuwa mtu wa watu, anamjua kila dereva na kila mlinzi wa geti, lakini ukimwekea ankara mbele anaanza kupiga miayo. Alihamia kuuza magari yanayotoka Japani, na kule hakuna anayemfikia. Hakuwa mvivu hata siku moja. Mchana wa kazi yetu haukuwa mchana wake.

Ofisi hiyo hiyo ina pia kusubiri. Mfumo unakwama, afisa yuko likizo, unampigia mtu yule yule kwa upole ule ule siku nzima, halafu unamjibu mteja aliyekasirikia jambo ambalo hukulifanya. Kama kusubiri kunakuchemsha damu, forodha itakuumiza hata ikikulipa vizuri.

Jambo ambalo wazee wetu hawalipimi sana ni kwamba kazi hubadilika mtu akiwa ndani yake. Nilipoanza, kulikuwa na vijana ambao kazi yao ilikuwa kubeba makaratasi ofisi hadi ofisi yapigwe mihuri. Ikaja mifumo ya kompyuta, wa KenTrade, shirika la serikali la hati za biashara mtandaoni, na wa KRA, mamlaka ya mapato, makaratasi yakapungua na vijana wale wakapungua. Kisha 2017 reli mpya ya Mombasa hadi Nairobi ikaanza kazi, makontena mengi ya bara yakawa yanapandishwa treni na kutolewa Embakasi, Nairobi, na hapa Mombasa ofisi na yadi nyingi zikapunguza watu. Mpaka 2022 ndipo serikali ilipotangaza kurudisha utoaji wa mizigo huku. Katika miaka hiyo niliona wazi ni nani anayeumia. Waliokuwa na kazi kwa sababu ya kujuana na watu wa getini walitaabika sana. Waliokijua kitabu waliitwa Nairobi, na wengine walifanya wakiwa hapa hapa, kwenye kompyuta, kwa sababu wanachokijua hakikufungwa na geti lolote.

Babako anapokuelekeza kwa ami yako, anakuonyesha mlango ulio wazi, na katika mji huu mlango wa kazi si kitu cha kudharau. Wengi wangeutamani. Lakini ukishaingia utakaa ndani miaka na miaka, na ndani ndiko nilikokueleza. Huenda ukaambiwa mchagua jembe si mkulima. Mimi nimeambiwa sana. Methali hiyo inamsema anayechagua ili asilime, na wewe hujakataa kulima.

Kuna njia moja ya kujipima ambayo naiona ina maana. Mwanasaikolojia wa Marekani, John Holland, alianza kuiandikia mwaka 1959. Aligawa mielekeo ya watu na ya kazi katika makundi sita: kazi za mikono na vyombo, za kuchunguza, za sanaa, za kusaidia watu, za kuongoza na kuuza, na za utaratibu wa kumbukumbu na hesabu. Hakuna mtu wa kundi moja, kwa hiyo unatazama mawili au matatu unayoelekea zaidi. Idara ya Kazi ya Marekani imeweka mtandaoni dodoso la bure la maswali 60 lililojengwa juu ya makundi hayo, linaitwa O*NET Interest Profiler. Lijaze ukiwa peke yako, bila rafiki wa kukuchungulia. Kazi litakazokutajia mwishoni ni za Marekani, usizishike sana, shika makundi. Na kundi lako la chini kabisa litazame kwa makini zaidi kuliko la juu. Kijana huweza kujidanganya kuhusu anachokipenda, lakini asichokitaka hukisema kweli.

Nije kwenye simu. Umeandika kwamba unafurahi simu iliyokufa inapowaka. Kila mtu hufurahi ikiwaka, hata mwenye simu. Nataka kujua saa zilizotangulia. Unapima sehemu moja baada ya nyingine kwa multimeta, unaufuata mchoro wa saketi, unalehemu kijidude kidogo kuliko punje ya mchele, unajaribu kuiwasha, haiwaki, kumbe hitilafu iko upande mwingine wa bodi. Hapo unakasirika na kuitupa droo, au unasahau kula? Na mteja mwenye kelele anapofika, unamshika wewe au unamwachia rafiki yako?

Kama unasahau kula, una kitu kikubwa, na soko lake si simu peke yake. Bandarini kuna winchi za umeme, kuna makontena ya baridi ambayo kompresa ikizima samaki na maparachichi ya watu yanaharibika, na yote yanataka mtu mwenye subira ya kutafuta hitilafu. Hospitali nazo zina mashine za kupimia na kuhudumia wagonjwa zinazoharibika kila leo, na KMTC, chuo cha serikali cha kazi za afya, ina kozi ya uhandisi wa vifaa tiba. Huenda mamako, anayekutakia hospitali, akalisikiliza hilo kwa masikio mawili. Lakini kama raha yako ni kupatana bei na kumwona mteja akiondoka anakushukuru, basi nyota yako iko upande wa biashara, na kibanda kile kinakufundisha mambo mengine kabisa. Hilo nalo si dogo, ila usiende kusomea uhandisi kwa ajili yake.

Uuguzi sitausemea sana. Dadangu anaufanya na anaupenda. Ninachokiona kwake ambacho watu hawakisemi ni kuandika: kila dawa, kila kipimo cha presha na saa yake, zamu nzima, pamoja na usiku. Ukimpata muuguzi, muulize kuhusu saa tisa usiku kabla ya kumuuliza kuhusu wito.

Kabla dirisha la maombi ya KUCCPS, shirika linalowapanga wanafunzi vyuoni, halijafungwa, nenda kwa ami yako umwombe ukae ofisini kwake wiki kadhaa. Muombe akupe ile inayochosha: kuingiza data, kupanga mafaili, kufuatilia mzigo mmoja kuanzia hati hadi lori linapotoka. Asikupeleke kula chakula na wateja. Kisha kaa muda kama huo kwa fundi wa elektroniki aliyekomaa, siyo rafiki wa rika lako, mtu atakayekurudishia kazi uirudie. Kila usiku andika mistari miwili: ni kitu gani nilikifanya nikasahau saa, na ni kipi nilikifanya nikitazama saa. Andika matendo, kwa mfano "nilitafuta kosa la hesabu kwenye ankara". Ukiandika "siku ilikuwa nzuri" hutapata cha kusoma baadaye.

Kuhusu alama: C+ inakupa sifa ya kuomba digrii, lakini KUCCPS hupima pia masomo manne yanayohusiana na kila kozi, kwa hiyo C+ yenye Fizikia nzuri na C+ yenye Historia nzuri hazifungui kozi zile zile. Diploma kwa kawaida huanzia C-. Chuo Kikuu cha Kiufundi cha Mombasa pale Tudor kina umeme na elektroniki, na Kenya Coast National Polytechnic vilevile. Ukitaka forodha kwa dhati, KESRA, chuo cha KRA, kina kampasi hapa hapa mjini. Na kwa ujuzi ulioupata mkononi bila darasa, NITA, mamlaka ya mafunzo ya viwandani, hutahini mafundi kwa daraja, la tatu hadi la kwanza, na cheti chake ni cha serikali. Kwa mtu wa vyombo, mimi napendelea diploma anayoitaka kuliko digrii aliyopangiwa kwa sababu pointi zilitosha. Nimepokea maombi ya kazi ya wenye digrii za aina hiyo na inasikitisha kuyasoma, kwa sababu ni vijana wenye akili na wanaonekana wamechoka kabla hawajaanza.

Babako usimwendee na neno sitaki. Mwendee na lile daftari, baada ya kukaa kwa ami. Mwambie, baba, nilifanya kazi hii na hii, hii ilinishinda, hii sikuweza kuiacha. Mzee huweza kukataa ndoto ya mtoto, lakini kazi iliyofanyika mbele ya macho ya nduguye ni vigumu kuikataa. Muombe ami awepo mnapozungumza. Akiwa amekuona ukifanya kazi kwa bidii, hata kama kazi yake haikukufaa, yeye ndiye atakayekusemea. Na ikitokea kwamba ankara zilikufanya usahau chai, usione haya kumwambia babako alikuwa sawa.

Ukimaliza, andika hapa alama zako za Fizikia, Hesabu na Kemia, kisha utueleze hitilafu ya mwisho uliyoitafuta kwenye simu hadi ukaipata, hatua kwa hatua uliipataje. Kutokana na maelezo hayo nitaona mengi, na humu wapo mafundi wa makontena ya baridi ambao wataona zaidi yangu.