Ngozi ya sato wa udongo inatetemeka

SWALI: Natengeneza katuni ya sato anayepigapiga mkia mchangani. Nimemfinyanga kwa udongo wa ziwani juu ya waya, magamba nimeyachora kwa kijiti, na ninapiga picha moja moja kwa simu karibu na dirisha. Nikiziunganisha, ngozi inatetemeka, mwanga unapepesa, na mkia umeanza kupasuka. Nifanyeje?
Msomaji, Kirumba, Mwanza

JIBU: Udongo wa ziwani ukipoteza maji husinyaa, lakini waya ulio ndani hausinyai, ndiyo maana mkia unapasuka. Samaki mfinyange kwa plastisini, udongo laini wa mafuta wa kuchezea. Haikauki, ila hulainika kwa joto, basi taa ikae mbali. Ndani weka waya wa alumini wa milimita 2, nyuzi mbili zilizosokotwa pamoja. Udongo wako wa ziwani ufanye mawe; hayasogei, na nyufa zitayapendezesha.

Ngozi inatetemeka kwa sababu ya vidole. Kila ukimgusa unafuta magamba, unayachora upya, nayo hayarudi palepale. Acha kijiti. Tandaza kipande cha wavu wa dagaa juu ya plastisini, pitisha chupa ukikandamiza, kisha ubandue taratibu kuanzia kichwani: kila tundu litaacha gamba. Baada ya hapo mshike kwa chini tu. Magamba halisi ya pale soko la samaki la Mwaloni yanavutia, lakini yakikauka hujikunja, na sato atabadilika sura katikati ya kazi.

Mchanga nao huhama ukiguswa. Uchanganye na gundi ya mbao, upake ubaoni, uache ukauke usiku kucha.

Funga pazia, maana kila wingu likipita picha inabadilika. Tumia taa moja ya LED ya kuchaji, isiyofifia umeme ukipungua nguvu. Iweke ubavuni, karibu usawa wa meza. Hili tunalisisitiza kuliko yote: mwanga unaopita kwa kulala juu ya ngozi huipa kila gamba kivuli chake. Ukitokea upande wa simu, kazi yote ya wavu haionekani. Funga fokasi, mwangaza na rangi kwenye kamera ya simu visijibadilishe vyenyewe, na uvae nguo nyeusi, kwani nyeupe huakisi mwanga mezani.

Sekunde 1 ipe picha 12. Mkia ukianza kuinuka usogeze milimita 2, kisha 5, kisha 10; ukianguka, ufike chini kwa picha 1 au 2 tu, la sivyo utaonekana unaelea.