Blanketi la viraka limejikunja, nimekosea wapi?

SWALI: Habari dada, mi ni fundi cherehani hapa Moshi, mabaki ya vitenge ninayo gunia zima sa nikaunga blanketi la viraka, katikati nikaweka kitambaa cha flana, kufuliwa mara moja tu likajikunja na nyekundu ikachuja ikaingia kwenye nyeupe, mteja kanirudishia. Nimekosea wapi? – Msomaji, Majengo

JIBU: Pole mwaya. Hukufua vitambaa kabla ya kukata. Kitenge cha pamba kikifuliwa kinasinyaa, cha poliesta hakisinyai, ukiviunga pamoja kimoja kinavuta kingine ndo hayo makunyanzi. Loweka kila rangi peke yake mpaka maji yasibadilike, hata flana iloweke, anika, piga pasi, ndo ushike mkasi. Mshono acha robo inchi kila upande na usibadilishe badilishe, maana ukikosea kidogo kila kiraka, ukifika cha ishirini kona hazikutani tena. Halafu zile tabaka tatu, yaani viraka juu, flana katikati na kitambaa cha chini, zibane kwa pini ukianzia katikati kwenda pembeni, mi la kwanza nilianzia pembeni likatoka na kitambi! Bei nayo usiweke ya mtumba wa soko la Memorial, hesabu siku ulizokaa kwenye cherehani. Hilo la mteja limeshaharibika, mrudishie hela yake tu.