Kwa anayeanza kusoma ugaidi: anza na siku ya pili

Kazi yangu ya kwanza katika fani hii ilikuwa kusoma vipande vya magazeti na kuingiza matukio kwenye kanzidata. Tarehe, mahali, silaha, waliokufa, waliojeruhiwa, nani kadai kuhusika. Siku ya tatu nikapata vipande vitatu vya mlipuko mmoja. Kimoja kilisema wamekufa 9, kingine 14, kingine 23. Nikajaza 23, na nikiri kwamba sababu yangu pekee ilikuwa picha kubwa ya ukurasa wa mbele. Msimamizi wangu akapita nyuma yangu, akasimama, akauliza, "Miili uliihesabu wewe?" Kisha akaweka kidole kwenye tarehe. Ile ya 9 iliandikwa usiku uleule, ya 23 asubuhi yake. Ya 14 ilitoka wiki tatu baadaye, baada ya kugundulika kwamba majeruhi waliohamishwa hospitali walikuwa wameandikishwa mara mbili.

Tangu hapo kinachosemwa siku ya kwanza nakipokea kwa mkono mmoja. Bomu la Oklahoma City, 19 Aprili 1995, liliua watu 168, na kwa saa nyingi wachambuzi wa televisheni walielekeza vidole Mashariki ya Kati. Aliyelitega ni Timothy McVeigh, Mmarekani aliyewahi kuwa askari wa jeshi la nchi yake. Baada ya treni za Madrid kulipuliwa tarehe 11 Machi 2004, serikali ya Hispania ilishikilia kwamba ni kazi ya ETA, kundi lenye silaha lililodai uhuru wa jimbo la Basque, ushahidi ukawa unaelekea kwingine, na siku tatu baadaye wapiga kura wakaiondoa madarakani. Shambulio la jengo la maduka la Westgate, Nairobi, Septemba 2013, maofisa walitaja washambuliaji 10 hadi 15. Uchunguzi ulipotulia wakabaki 4.

Kwa hiyo mwandishi wa habari akikupigia simu jioni ya tukio, na atakupigia mara tu jina lako litakapoonekana mahali, mwambie hujui. Inauma kidogo, hasa ukiwaona wenzako wakizungumza kwa kujiamini kwenye skrini. Wengi wao hawajui pia.

Takwimu nazo zina siku yao ya kwanza. Kanzidata inayotumika zaidi na wanafunzi ni ile ya Chuo Kikuu cha Maryland, yenye matukio zaidi ya 200,000 kati ya 1970 na 2020. Chora grafu yake uone: mwaka 1993 haupo. Nimewahi kusahihisha insha iliyoeleza, kwa ufasaha kabisa, kwa nini ugaidi "ulipoa" mwaka huo. Haukupoa. Kumbukumbu zilipotea wakati ofisi iliyozikusanya ilipokuwa inahama. Tena namna ya kukusanya matukio ilibadilishwa zaidi ya mara moja, likiwemo badiliko kubwa la kuanzia data za 2012, kwa hiyo sehemu ya mlima unaouona kwenye grafu ni wa magaidi na sehemu ni wa watu kama mimi walioongezewa vyanzo vya kusoma. Soma kitabu cha maelekezo ya kanzidata kabla ya kugusa namba hata moja. Najua kinachosha.

Halafu kuna neno lenyewe. Kila mgeni katika fani hii hutaka kupata maana ya ugaidi katika wiki ya kwanza, halafu aendelee na mambo mengine. Utaipata, tena utapata zaidi ya mia. Tarehe 9 Oktoba 1934 Mfalme Alexander wa Yugoslavia alipigwa risasi Marseille, akafa. Njama ilikuwa imepita nchi kadhaa, na Ufaransa ilipowataka vinara wake waliokuwa Italia, Italia ikakataa kuwatoa. Ukitaka kuelewa kwa nini tunasema ugaidi unaovuka mipaka, na si ugaidi tu, kisa hicho kinatosha: mhalifu anavuka mpaka, sheria inasimama mpakani. Mwaka 1937 Shirikisho la Mataifa, lililoutangulia Umoja wa Mataifa, likatunga mkataba wa kuzuia na kuadhibu ugaidi. Nchi 24 zikatia saini, India peke yake ikauridhia, nao haukuwahi kuanza kutumika. Umoja wa Mataifa umekuwa ukijadili mkataba wake mpana tangu 1996, na majadiliano yamekwama palepale panapojulikana: je, wapigania uhuru wamo? Majeshi ya dola je? Nelson Mandela alikuwa ameshapata Nobel, ameshakuwa rais na kustaafu, lakini hadi 2008 alihitaji kibali maalumu kuingia Marekani, kwa sababu chama chake kilihesabiwa kuwa cha kigaidi.

Cha ajabu zaidi ni kwamba hukumu haikusubiri maana. Azimio 1373 la Baraza la Usalama, la 28 Septemba 2001, liliziamuru nchi zote kuufanya ugaidi kuwa kosa la jinai na kutoa taarifa ndani ya siku 90. Halikusema ugaidi ni nini. Kila serikali ikajaza pengo hilo kwa kalamu yake, na baadhi ya kalamu zilikuwa na wapinzani akilini. Ukisoma sheria ya nchi yoyote kuhusu ugaidi, anzia kifungu cha tafsiri. Humo ndimo mambo yanapofichwa.

Ushauri wangu hapa ni mdogo: taja kitendo kabla ya jina. "Watu wanne wenye bunduki waliingia, wakafyatua risasi" ni sentensi ambayo mwendesha mashtaka, wakili wa utetezi na mama wa marehemu wote wanaweza kuikubali. Ukishaandika hiyo, eleza unatumia maana ipi na kwa nini, kisha endelea.

Sasa nifike kwenye kinachonileta. Wanafunzi karibu wote huja wakitaka kuwasoma washambuliaji: akili zao, itikadi zao, video zao. Naelewa, hata mimi nilianza hivyo. Lakini shambulio ni suala la dakika au saa, na jamii hulijibu kwa miaka ishirini. Jibu lina wahusika wengi kuliko shambulio, lina nyaraka zilizo wazi zaidi, na waliolisoma vizuri ni wachache.

Chukua mfano mmoja nilioutafuna kwa muda mrefu. Novemba 2001 Marekani ilifunga ofisi za Al-Barakaat, mtandao wa hawala, yaani wa kutuma pesa kupitia mawakala wanaoaminiana bila benki, ambao Wasomali waliokuwa nje waliutumia kupeleka pesa nyumbani, na Umoja wa Mataifa ukauweka kwenye orodha yake ya vikwazo. Kwa upande wa serikali lilikuwa tangazo la ushindi dhidi ya fedha za ugaidi. Kwa upande wa familia, pesa ya mwezi haikufika. Wachunguzi wa tume ya mashambulizi ya Septemba 11 walipoifuatilia kesi hiyo baadaye, hawakupata ushahidi kwamba mtandao huo uliifadhili al-Qaeda. Hapo wengi wangefunga faili. Usifunge. Taasisi ya Al Barakaat iliyokuwa Sweden, pamoja na mfanyabiashara wa Saudi Arabia, Yassin Kadi, walikwenda mahakamani, na tarehe 3 Septemba 2008 Mahakama ya Haki ya Ulaya ikabatilisha kanuni ya kuzuia mali zao, kwa kuwa hawakuwa wameelezwa ushahidi dhidi yao wala kupewa nafasi ya kujitetea. Desemba 2009 Baraza la Usalama likaunda ofisi ya mtu huru wa kupokea maombi ya wanaotaka kuondolewa kwenye orodha. Kisa kizima kilichukua miaka minane. Humo kuna sheria, benki, uhamiaji, haki za binadamu na siasa za Baraza la Usalama, na hakuna hata bunduki moja. Nikiwa na mwanafunzi mmoja tu wa kumfundisha, ningemfundisha kisa hiki.

Norway nayo husimuliwa nusu. Baada ya mashambulizi ya 22 Julai 2011, watu 77 wakiwa wameuawa kwa bomu na risasi, waziri mkuu Jens Stoltenberg aliwaambia wananchi kwamba jibu ni demokrasia zaidi na uwazi zaidi. Kila insha inalinukuu hilo. Ni wachache wanaofika kwenye ripoti ya tume ya uchunguzi iliyotoka Agosti 2012, iliyosema kwamba mlipuko kwenye majengo ya serikali ungeweza kuzuiwa kama hatua za ulinzi zilizokwisha kuamuliwa zingetekelezwa. Mtaa uliopita mbele ya jengo ulikuwa ufungwe kwa magari. Haukufungwa, na gari lenye bomu likaegeshwa hapo. Maneno mazuri na uzembe vilikaa katika serikali moja, na kazi yako ni kuvibeba vyote viwili.

Kuna majibu ambayo hayamo kwenye kanzidata yoyote. Desemba 2015 basi lililokuwa likielekea Mandera, kaskazini mashariki mwa Kenya, lilisimamishwa na watu wenye silaha waliotaka Wakristo watengwe na Waislamu. Abiria Waislamu wakakataa, na baadhi ya wanawake wakawapa wenzao hijabu wajifunike. Kwenye jedwali tukio hilo linaonekana dogo, waliouawa wawili tu. Mwalimu mmoja aliyekataa kujitenga alipigwa risasi, akafa hospitalini mwezi uliofuata. Safu ya "waliokataa" hatukuwa nayo. Sijui ningeijaza vipi.

Kama unahitaji namba za kuanzia, RAND, taasisi ya utafiti ya Marekani, walichunguza mwaka 2008 makundi 648 ya kigaidi yaliyokuwepo kati ya 1968 na 2006. Katika yale yaliyokoma kama makundi ya kigaidi, asilimia 43 yaliingia katika siasa, 40 yalivunjwa na polisi na vyombo vya upelelezi, 10 yalipata yaliyotaka, na 7 tu yalimalizwa na jeshi. UNDP, shirika la maendeleo la Umoja wa Mataifa, nao mwaka 2017 waliwauliza watu 495 waliojiunga kwa hiari na makundi ya itikadi kali Afrika ni nini kiliwasukuma hatua ya mwisho. Asilimia 71 walitaja kitendo cha serikali, kama kuuawa au kukamatwa kwa ndugu au rafiki. Itumie kwa uangalifu, kwa sababu mtu aliyeshika silaha ana sababu ya kuilaumu dola. Ila usiitupe.

Mambo ya usalama wako nitayapitia haraka. Katika nchi kadhaa kuwa na baadhi ya machapisho ya makundi haya ni kosa hata kama unasoma tu. Mwaka 2008 mwanafunzi wa uzamili Uingereza alikamatwa kwa sababu ya waraka aliouhitaji kwa utafiti, akashikiliwa karibu wiki, na baadaye polisi wakamlipa fidia. Pata kibali cha kamati ya maadili kwa maandishi kabla ya kupakua chochote, hifadhi kwenye kompyuta ya chuo, si simu yako. Majina ya wahojiwa yasikae faili moja na maneno yao. Video za mauaji usizitazame usiku, usizitazame na sauti kama sauti haihitajiki. Mimi nilizitazama na sauti mwaka mzima, na bado kuna mlio wa simu siupendi.

Na wiki hii, kabla ya nadharia: chagua shambulio moja lililotokea angalau miaka kumi iliyopita. Tafuta habari ya siku ya kwanza, ya wiki ya kwanza, ripoti ya tume kama ipo, hukumu ya mahakama, na sheria iliyopitishwa kwa kulitaja. Zitandaze mezani kwa mfuatano wa tarehe. Ukija kuniona usiniletee muhtasari. Niletee orodha ya mambo uliyoyaandika kutoka karatasi ya kwanza ukalazimika kuyafuta ulipofika ya tano.