Ngoma zimekakamaa kwenye traka: jibu langu kutoka Goma

Mdogo wangu, uliuliza mambo mawili: kama mashini ya RAM giga 2 inaweza kutoa wimbo mzima, na kwa nini ngoma zako zinatembea kama askari wa gwaride. La kwanza halina mjadala: inaweza, ukitumia traka, yaani programu ya kutungia muziki kwa kuandika noti mstari kwa mstari kutoka juu kwenda chini. Traka inayohesabiwa kuwa ya kwanza, Ultimate Soundtracker ya Karsten Obarski, ilitoka 1987 kwa ajili ya kompyuta za Amiga, na Amiga 500 ilikuja na kumbukumbu ya kilobaiti 512 tu. Chukua traka ya OpenMPT, ni ya bure. Mashini yangu ni kuukuu kuliko yako na inaiendesha bila kuhema.

Sasa ngoma. Traka inaanza na tempo 125, spidi 6, mistari minne kwa pigo. Yaani kila mstari umegawanywa katika vipande sita vya muda, tiki, na tiki moja ni milisekunde 20. Ukipanga kiki, ile ngoma nzito, kwenye mistari 0, 4, 8, 12 na kopo la maharagwe la kutikisa kila mstari wa pili, umepata cherehani, si muziki. Gonga chupa kwenye mistari 0, 3, 6, 10 na 12 katika kila mistari 16. Hiyo ndiyo klave, mdundo wa kuongoza unaousikia kwenye rumba yetu, mguu utaanza wenyewe. Kisha kopo: mistari ya 2, 6, 10, 14 iandikie amri ED1 kama faili ya wimbo ni ya aina ya XM, noti ichelewe tiki moja. Mimi nilianza na ED2, ikawa kama mpigaji katoka kwenye kasiksi, pombe ya ndizi.

Sampuli, yaani vipande vya sauti vya kupigia, usipakue, mega zinauma. Nilisimama Birere na simu nikarekodi chukudu, baiskeli yetu ya mbao ya kubebea mizigo, ikishuka na magunia ya viazi juu ya mawe ya volkano, gurudumu la mbao likilia. Sekunde mbili tu. (Mwenye chukudu akadai pesa ya sauti. Nilimpa.) Ile sauti moja imenipa ngoma nne kwa amri ya 9: ukiandika 910, traka inaruka hatua 4,096 za rekodi, karibu sehemu ya kumi ya sekunde, na kuanzia hapo. Hiyo 10 si kumi, ni kumi na sita, maana traka inahesabu 0 hadi 9, kisha A hadi F, ndipo inafika 10. Jaribu 930, jaribu 958, sikiliza mlio unavyobadilika kutoka kilio hadi mkwaruzo mkavu. Huo mkwaruzo ndio sneya yangu, ngoma kali ya kujibu kiki, mpaka leo.

Washa pia uhifadhi wa otomatiki. Sebene yangu, ile sehemu ya gitaa la kuchezea, nzuri kuliko zote ilikwenda na umeme usiku wa mvua, betri ilikuwa imekufa zamani.

XM inabeba sampuli zake ndani, kwa hiyo nitumie faili yenyewe, si MP3. Wimbo wangu wa chukudu haukufika hata mega moja. Nikiifungua yako nitaona ni mstari gani unaokanyaga vibaya.