Maswali na majibu: mafaili ya DLL katika programu za zamani

Safari hii tunajibu maswali yanayohusu programu za zamani za Windows ambazo bado zinategemewa kazini, hasa pale zinapogoma kufunguka kwa madai kwamba faili fulani lenye mkia wa .dll halionekani.

DLL ni nini hasa, na kwa nini programu isibebe kila kitu ndani ya faili lake yenyewe?

DLL ni faili lenye msimbo uliokwisha kutayarishwa, ambao programu nyingi zinaweza kuutumia kwa wakati mmoja. Kwa muundo wa ndani halitofautiani sana na faili la .exe, na ukilifungua kwa kihariri cha maandishi ya kawaida utaona herufi MZ mwanzoni kabisa, kama zilivyo katika .exe. Tofauti ni kwamba DLL haliendeshwi peke yake, bali husubiri kuitwa na programu nyingine. Windows imetumia utaratibu huu tangu toleo lake la kwanza la mwaka 1985, wakati ambapo kumbukumbu ya kompyuta ilikuwa haba mno na haikuwezekana kila programu ibebe nakala yake ya msimbo wa kuchora madirisha na menyu. Hata leo, programu kumi zikitumia DLL lilelile, kwa kawaida msimbo wake hupakiwa mara moja tu katika kumbukumbu, huku kila programu ikitunza data zake mbali na za wenzake.

Tulihamishia programu yetu ya mahesabu kwenye kompyuta mpya kwa kunakili folda yake. Sasa inasema MSVCR100.dll halipo. Kuna tovuti zinazotoa faili hilo bure, je, nilipakue?

Nakusihi usilipakue huko. DLL ni msimbo unaoendeshwa ndani ya programu yako kwa mamlaka yote iliyo nayo programu hiyo, kwa hiyo aliyelichezea anapata mlango wa kuingia katika mahesabu yenu bila kubisha hodi. Hata kama faili hilo ni safi, huna namna rahisi ya kujua kama ni toleo linalotakiwa, na mara nyingi ukishaliweka, programu itadai jingine, kwa sababu mafaili haya hutegemeana.

Jina la faili lenyewe linakuonyesha pa kuanzia. MSVCR ni sehemu ya kifurushi cha Visual C++ (zana ya Microsoft ya kuandikia programu), na namba 100 ni ya toleo la 2010. Ungeona 90 ungejua ni la 2008, na 120 ni la 2013. Vivyo hivyo, MFC42.dll hutokana na Visual C++ ya miaka ya tisini, ilhali MSVBVM60.dll ni ya programu zilizoandikwa kwa Visual Basic 6, iliyotoka mwaka 1998. Microsoft hutoa vifurushi vya Visual C++ bila malipo, na kifurushi kamili huweka mafaili yote yanayohusiana kwa mpigo mmoja. Kwa programu ya biti 32 (aina ya zamani, nyingi za leo ni za biti 64), chagua kifurushi cha x86 hata kama Windows yako ni ya biti 64, kwani kinachoangaliwa hapa ni programu, wala si kompyuta.

Kilichowaponza ni kunakili folda badala ya kusakinisha. Kisakinishi hufanya mambo ambayo macho hayayaoni: huweka mafaili ya pamoja katika folda za mfumo na kuandika taarifa katika rejista ya Windows, yaani hifadhi ya mipangilio ya mfumo. Kama diski au faili la kusakinishia bado lipo, litumieni hilo kwanza.

Nililiweka DLL katika System32 lakini programu bado hailioni. Nilipojaribu njia nyingine, likaja kosa la 0xc000007b. Kwa nini?

Majina ya folda hizi yamewapoteza wengi. Katika Windows ya biti 64, folda ya System32 ndiyo yenye mafaili ya biti 64, na mafaili ya biti 32 hukaa katika SysWOW64. Jina la System32 liliachwa lilivyo ili programu zilizokwisha kuandikwa kwa kulitaja zisivunjike. Programu ya biti 32 inapoomba System32, Windows huielekeza kimyakimya kwenye SysWOW64, ndiyo maana haikuliona faili uliloliweka. Kosa la 0xc000007b kwa kawaida humaanisha kwamba programu ya biti 32 imekutana na DLL la biti 64, au kinyume chake, na mawili hayo hayawezi kuishi ndani ya programu moja.

Kwa ujumla Windows huanza kutafuta katika folda ilimo programu yenyewe, kisha folda za mfumo, na mwishoni folda zilizoorodheshwa katika PATH, yaani orodha ya folda za ziada ambazo Windows huzipekua. Yapo mafaili machache ya msingi ambayo huchukuliwa daima kutoka folda ya mfumo. Kwa hiyo DLL linalohitajiwa na programu moja tu likae kando ya .exe yake, na folda za mfumo tuviachie visakinishi.

Kwa nini zamani kusakinisha programu moja kuliweza kuharibu nyingine?

Kwa sababu zote zilichangia nakala moja. Katika enzi za Windows 95, kisakinishi kizembe kiliweza kufuta toleo jipya la faili la pamoja na kuweka la zamani bila kulinganisha. Programu iliyotegemea kazi iliyoongezwa katika toleo jipya iliitafuta, ikaikosa, ikaanguka. Wakati mwingine hata toleo jipya lilileta madhara, kwani programu ya zamani ilikuwa imezoea kasoro ambayo sasa imerekebishwa. Windows 2000 ilianza kuyalinda mafaili ya mfumo yasibadilishwe ovyo, na Windows XP ya mwaka 2001 ikaleta folda ya WinSxS, ambamo matoleo kadhaa ya faili moja hukaa bega kwa bega na kila programu ikapewa lake. Folda hiyo huonekana kubwa mno, lakini usiifute kwa mkono.

Regsvr32, amri ya Windows ya kusajili DLL, inasema haikupata DllRegisterServer, yaani sehemu ya faili inayofanya usajili huo. Je, faili ni bovu?

Si lazima. Ni baadhi tu ya mafaili, hasa ya .ocx na mengine ya COM (utaratibu wa Microsoft wa programu moja kutumia vipande vya nyingine), yanayohitaji kusajiliwa. MSVCR100.dll, kwa mfano, halisajiliwi kabisa.

Wakati wa kuondoa programu niliulizwa kama nifute faili la pamoja. Nijibu nini?

Jibu hapana. Windows huhesabu ni programu ngapi zinalitumia, lakini hesabu hiyo haiaminiki, na faili lililobaki bila kazi halidhuru chochote zaidi ya kuchukua nafasi kidogo.

Programu yetu ni ya enzi za Windows 3.1. Kuna DLL la kuifanya ifanye kazi katika Windows 11?

Hakuna. Windows ya biti 64 haiendeshi programu za biti 16, na Windows 11 haina toleo la biti 32. Njia ya uhakika ni kuisakinisha Windows ya zamani ndani ya kompyuta pepe, yaani kompyuta inayoigizwa na programu ndani ya kompyuta halisi, mkaifungia isifike kwenye intaneti, na mkaanza mapema kuzitoa data zenu katika umbo ambalo programu nyingine zinaweza kulisoma.