Barua kwa mwanangu: Makofi ya mwisho ya Shinji, na kipindi chenu cha nane

Mwanangu mpendwa,

Salamu kutoka Jinja. Huku wote wazima, na bibi yako anakusalimu sana.

Barua yako nimeisoma vizuri. Umemaliza vipindi vyote 26 vya Neon Genesis Evangelion, ile katuni ya Kijapani, umefika pale watu wanapomzunguka Shinji na kumpigia makofi, ukabaki unajiuliza kama hadithi imekwisha au imekatwa. Unataka kujua Malaika, wale viumbe wanaoshambulia watu, wameishia wapi na mpango wa baba yake umeishia wapi. Tena unauliza kwa haja, kwa kuwa wewe na wenzako hapo Ntinda mmebakiza kipindi cha nane cha katuni yenu na hamjui mkifungeje. Nianze na la Shinji, maana la kwenu limo humo humo.

Hadithi imekwisha. Ila kila hadithi ndefu humkopa mtazamaji mara mbili. Deni la kwanza ni la matukio: adui ni nani, mpango ni upi, nani atapona. La pili ni la moyo: huyu tunayemfuata ataweza kuishi na nafsi yake? Vipindi vya 25 na 26, vilivyorushwa na TV Tokyo mwezi wa Machi 1996, vililipa deni la moyo peke yake. La matukio lililipwa kwenye sinema tarehe 19 Julai 1997, katika filamu iitwayo The End of Evangelion. Ndiyo maana umejiona umeshiba na una njaa kwa wakati mmoja.

Rudi kwenye msingi uone yalivyofungwa pamoja. Mwaka 2000, katika hadithi, mlipuko wa Antaktika unaua nusu ya binadamu. Mwaka 2015 Shinji, kijana wa miaka 14, anaitwa na baba aliyemtelekeza ili aendeshe Eva, ile mashine kubwa yenye umbo la mtu, na kupigana na Malaika. Mapema kabisa Ritsuko, mwanasayansi wa Nerv, shirika la baba yake Shinji, anataja wale nungunungu wanaotaka kusogeleana wapate joto na wanachomana miiba. Halafu kuna uwanja wa AT, ile ngao inayozuia risasi na mabomu. Kwa vipindi ishirini na zaidi unaichukulia kuwa silaha tu, mpaka kipindi cha 24 Kaworu, Malaika mwenye umbo la kijana, anasema ni ukuta wa moyo ambao kila mtu anao. Hapo ndipo ufunguo ulipo. Chombo cha kisayansi na jeraha la moyo ni kitu kimoja. Mpango wa siri nao ni kubomoa kuta zote, roho zote ziyeyuke ziwe moja, asiwepo tena wa kumchoma mwenzake. Kwa hiyo swali la wakubwa wa Seele, kundi la siri lililo nyuma ya mpango huo, na swali la mtoto aliyejifungia chumbani linajibiwa kwa uamuzi mmoja: ukuta ubaki au uondoke?

Sasa tazama upya vipindi viwili vya mwisho. Mnachokiona pale ni mpango huo ukitokea, ila kamera iko ndani ya kichwa. Kiti kimoja gizani, taa moja juu, maandishi yanayouliza maswali. Ukitaka ushahidi kuwa ni tukio lile lile la filamu, kwenye kipindi cha 25 zinapita upesi picha mbili: Misato, mlezi wa Shinji, amelala kwenye damu, na Ritsuko yuko ndani ya maji. Watazamaji wengi huzipita bila kuzitambua, halafu wanasema filamu ilibadilisha hadithi.

Ile sehemu ya kipindi cha 26 ambapo Shinji anaelea kwenye weupe, irudie polepole. Hakuna kitu kabisa, na anaambiwa huo ndio uhuru. Kisha unachorwa mstari mmoja chini. Sasa kuna juu na chini. Amepoteza uhuru mmoja kwa sababu lazima asimame, lakini kwa sababu hiyo hiyo anaweza kutembea. Mstari mmoja wa penseli! Muda wa kutengeneza ulikuwa umewabana mno, wakatumia michoro isiyomalizika, picha za zamani na kurasa za skripti, na bado mwongozaji Hideaki Anno aliupa ule umaskini wa picha kazi ya kufanya: dunia ya mtoto huyu inajengwa upya mbele yetu tangu mstari wa kwanza. Kisha inakuja ile shule ya kuchekesha, Asuka, mwendesha Eva mwenzake, anamwamsha kama rafiki wa utotoni, na Rei, mwendesha Eva mwingine, anakimbia na mkate mdomoni. Si ndoto ya kupoteza muda. Inamwonyesha kwamba yule Shinji anayejichukia ni mmoja tu kati ya akina Shinji wanaowezekana. Anapotamka kwamba anaweza kuwepo, ganda linapasuka, na wanampongeza mmoja mmoja. Maandishi ya mwisho yanamshukuru baba, yanamuaga mama, na kuwapongeza watoto wote.

Uamuzi huo ni mzuri, lakini umetolewa bila bei. Filamu ndiyo iliyoleta bei. Jeshi linavamia Nerv na kuua wafanyakazi wasio na silaha. Asuka anapambana na Eva tisa huku kebo ya umeme imekatika na betri imebakiza dakika tatu na nusu. Rei anamkataa Gendo, baba yake Shinji, anaungana na Lilith, kiumbe aliyefichwa chini ya Nerv, na watu wanayeyuka kuwa maji ya rangi ya chungwa. Shinji kwanza anakubali wote wayeyuke, ndipo anageuka na kuchagua dunia yenye watu wengine, akijua watamuumiza tena. Anaambiwa kuwa kila mwenye nia ya kuishi anaweza kurudi. Kinachofuata ni ufuko wa bahari nyekundu, yeye na Asuka peke yao. Anamkaba shingo, Asuka anampapasa shavu, anaachia na kulia, Asuka anatamka neno la kuchukizwa, na picha inakatika. Wengi huona ni mwisho wa kukata tamaa. Mimi sioni hivyo. Mtu wa pili yuko pale, ana mkono wake na maneno yake, na Shinji hawezi kuyaongoza. Hicho ndicho alichokichagua.

Kwa hiyo usihangaike kutafuta upi ni mwisho wa kweli. Jibu ni lile lile. Televisheni inakuonyesha likizaliwa, filamu inakuonyesha linavyouma.

Namna ya kuutazama ufike vizuri: maliza 26, pumzika siku moja, kisha ile filamu ya 1997, ambayo ni kama dakika 87. Ile ya Machi 1997, Death and Rebirth, iruke. Ni muhtasari wa vipindi pamoja na mwanzo wa filamu ambayo ilikuwa haijakamilika. Vipindi vya 21 hadi 24 vina matoleo mawili. Tafuta lile refu, kwani maandalizi ya filamu yamo humo. Zile filamu nne mpya, za 2007, 2009, 2012 na 2021, ziache mpaka haya yote yametulia kichwani. Ya mwisho, iliyotoka Japani tarehe 8 Machi 2021, inampa Gendo nafasi ya kujieleza kwa mwanawe, jambo ambalo yale ya awali hayakufanya kwa upana huo, na inamalizia kwenye stesheni ya Ube-Shinkawa, katika mji aliozaliwa Anno. Shinji mtu mzima anatoka mbio na Mari, mwendesha Eva wa filamu hizo mpya, na picha inakuwa ya mji halisi. Lakini utamu wake unategemea miaka mingi ya kumngoja mtoto huyu akue. Ukianzia pale utaona stesheni tu.

Angalizo jingine. Usiupeleke mwisho huu kwenye kibanda cha video pamoja na VJ, yule anayetafsiri filamu kwa sauti juu ya picha. Nawapenda VJ wetu na kazi yao ni kubwa, lakini kazi hiyo ni kutafsiri na kujaza, na hapa kuna kimya kisichotakiwa kujazwa. Kwenye kipindi cha 24 mkono wa Eva umemshika Kaworu, picha imesimama takribani dakika nzima, kwaya ya Beethoven inaendelea, hakuna kinachosogea. VJ akiongea pale, uamuzi wa Shinji unapotea, maana ile dakika ndiyo uamuzi wenyewe. Na kama unatazama kwenye simu, zima ule mpangilio unaorukia kipindi kinachofuata kabla maandishi ya mwisho hayajaonekana.

Sasa ya kwenu. Katika katuni yenu kuna Akello, mashine ya Kalangala inayotunza sauti za waliokufa, na sauti ya mama yake ambayo hawezi kuiacha. Mmeshapata lililo gumu: mashine na jeraha ni kitu kimoja. Kosa ni ule mwisho uliouandika, mashine inalipuka na Akello anaokolewa kwa boti. Mlipuko unalipa deni la matukio na kumnyima Akello deni la moyo, kwa sababu hakuchagua chochote. Petroli ndiyo iliyochagua.

Kabla ya kugusa skripti, chukua daftari. Ukurasa wa kushoto andika kila swali la matukio mliloliacha wazi tangu kipindi cha kwanza, hata dogo. Ukurasa wa kulia maswali ya moyo. Mimi katika vipindi saba nimehesabu maswali tisa ya matukio. Dakika 11 hazibebi tisa. Bakisha matatu, mengine yafungeni kwenye kipindi cha sita na cha saba. Cowboy Bebop, katuni nyingine ya Kijapani, ilifanya hivyo kwa ustadi: kwenye kipindi cha 24 kati ya 26 Ed na Faye wanaondoka chomboni, na wenzao Spike na Jet wanabaki wakila mayai ya kuchemsha bila neno, pamoja na ya waliokwenda. Kuagana kumemalizwa hapo, vipindi viwili vya mwisho vikabaki huru kwa Spike na adui yake Vicious. Kwenu nyinyi, yule mvuvi mzee na dada yake Akello waageni kwenye cha saba.

Dakika 11 ni kurasa 11 hivi za skripti. Ningegawa hivi: kurasa tatu za kulipa matukio, zote mwanzoni, tano za Akello mbele ya mashine, mbili za bei, moja ya picha ya mwisho. Kundi la bei ndilo ambalo waandishi huliruka. Akello akizima mashine, sauti zote zinazimika. Yule jirani anayekuja kila jioni kumsikiliza marehemu mumewe atampoteza mara ya pili, na Akello itabidi akutane naye gatini. Iandike hiyo. Jirani asimsamehe haraka, wala asipige kelele. Usimlete mhusika mpya kwenye kipindi hiki, wala kanuni mpya ya mashine. Kanuni ikizaliwa kipindi cha mwisho, mtazamaji anajua umeitunga ili ujiokoe. Na Akello asieleze alichojifunza kwa mdomo wake. Ukiona sentensi inaanza na "sasa nimeelewa," ifute.

Kuhusu bajeti, usiogope picha iliyosimama. Kwa fremu 24 kwa sekunde, kila mchoro ukikaa fremu mbili, sekunde moja inakula michoro 12. Sekunde kumi ni michoro 120. Picha moja iliyosimama sekunde kumi ni mchoro mmoja. Ile akiba ipelekeni kwenye mkono wa Akello unapofika kwenye swichi, vidole vichorwe kikamilifu. Picha iliyosimama huharibika kwa sababu mbili: imewekwa mahali ambapo hakuna uamuzi, au sauti imekatwa kabisa, watu wakadhani faili imeganda. Weka sauti ya mahali chini yake, maji ya ziwa na mbao za gati. Na mandhari ya nyuma tumieni yale yale ya kipindi cha kwanza, gati lile lile, pembe ile ile ya kamera, ila sasa bila ile taa ya mashine. Hamtachora upya, na mtazamaji ataona tofauti mwenyewe.

Nitumie kwanza zile kurasa mbili za daftari, skripti baadaye. Nikishaona maswali matatu mliyoyabakisha nitajua kama kurasa tatu zinatosha au tupunguze. Na mwenzenu wa sauti akienda Ggaba kurekodi ziwa, aende kabla injini za boti hazijaanza, arekodi dakika tano mfululizo bila kuongea, na ahifadhi kwa WAV. MP3 itawasumbua kwenye kuchanganya sauti.

Wako,
Mama